SOMO: KUFUATA NYAMA BILA KUMUUA



Somo letu la leo ni juu ya safari ya kwenda kutazama nyama wa pori pamoja na muongozi. Tutaona namna safari hii inavyofanyika, kazi gani inafanyika mbele yake, na sababu gani jambo hili linatuhusu sisi watu wa Punia.

Kwanza tuangalie neno. Katika Kiswahili chetu, kile kinachotembea porini tunaita nyama, na kile kilicho ndani ya chungu tunaita nyama vilevile. Kwa hiyo mutu wa kwetu akisikia kama mugeni analipa feza nyingi kwa kumutazama nyama saa moja tu, kisha anarudia mikono mitupu, anacheka. Anasema: "Ule mugeni hana njaa." Tusicheke upesi. Tusome kwanza.

1. MFANO WA MBALI: IMBWA WA MWITU

Katika inchi ya Marekani kuko parke inayoitwa Yellowstone. Iliundwa mwaka wa 1872, na wengi wanaihesabu kuwa parke ya taifa ya kwanza duniani. Kule watu wanakwenda wakati wa baridi kali kutazama imbwa wa mwitu, wale tunaosoma habari zao ndani ya Biblia kwamba wanavaa ngozi ya kondoo.

Sababu gani wakati wa baridi? Kwa sababu teluji inafunika inchi, fasi yote inakuwa nyeupe, na imbwa mweusi ao wa rangi ya majivu anaonekana tangu mbali. Tena nyama wakubwa wenye pembe wanashuka bondeni kutafuta majani, na imbwa wanawafuata. Muongozi anaamsha wageni mbele ya jua kutokea, anawapeleka mpaka bonde la Lamar, anasimamisha darubini juu ya miguu mitatu, na wote wanangoja kimya. Sheria inakataza kumukaribia imbwa chini ya meta 91.

Lakini sikieni jambo hili. Wale imbwa wa zamani wa Yellowstone waliuawa wote. Serikali yenyewe ilitaka waishe, na walinzi wenyewe wa parke walisaidia kuwamaliza, mpaka mwaka wa 1926. Karibu miaka 70 ikapita. Halafu watu wa inchi ile wakageuza mawazo. Mwaka wa 1995 wakaleta imbwa 14 kutoka Kanada, na mwaka wa 1996 wakaleta wengine 17. Hawa ndio waliozaa wale wanaotazamwa leo. Basi walimaliza wao, wakaenda kuomba kwa jirani, na jirani alikuwa nao bado. Mushike neno hili, tutalirudilia.

2. GORILA WA MASHARIKI YA KONGO

Sisi hatuna teluji wala imbwa wa mwitu. Tuko na gorila. Huyu wa kwetu anaitwa gorila wa Grauer, na hakuna inchi nyingine hata moja duniani ambamo anaishi porini, ila Kongo tu, upande wa mashariki. Dume mukubwa anaweza kufikia kilo 200, na akikomaa mgongo wake unageuka kuwa mweupe. Hali nyama. Anakula majani, vijiti vyororo, mianzi na matunda. Kila jioni anajitengenezea kitanda kipya cha majani. Mama anabeba mimba miezi nane na nusu, na anazaa mutoto mumoja tu kila kisha miaka kama mine ao zaidi. Basi ukiua mama mumoja, pori linangoja miaka mingi kumupata mwingine.

Fasi inayojulikana zaidi kwa kuwatazama ni Parke ya Kahuzi-Biega, karibu na Bukavu. Iliundwa mwaka wa 1970 kwa bidii ya Adrien Deschryver, ikapanuliwa mwaka wa 1975 mpaka kilometa za mraba 6.000, na UNESCO ikaiandika katika urithi wa dunia mwaka wa 1980. Mulima Kahuzi uko na meta 3.308. Mwaka wa 1970 vilevile iliundwa Parke ya Maiko, iliyo upande wa kaskazini wa kwetu, na ndani yake pia kuko gorila, pamoja na okapi.

3. KAZI ILIYO MBELE YA SAFARI

Wengi wanafikiri muongozi anaingia porini na kuwakuta magorila wakikaa kama mbuzi kijijini. Hapana. Gorila wa pori akisikia mutu anakimbia, ao dume anakuja kwa ukali kulinda jamaa yake. Kumuzoesha ni kazi ya miaka. Watu walewale wanakwenda kila siku, wanasimama mbali, hawamufanyi neno, wanarudi. Kesho tena. Pole pole gorila anafahamu kama watu hawa hawana mukuki wala bunduki. Katika Kahuzi-Biega kazi hii ilifanyika vizuri, na mwanzoni mwa miaka ya 1970 wageni waliweza kutazama jamaa ya Casimir na jamaa ya Mushamuka. Hayo ni majina waliyopewa madume wakubwa.

Lakini kumuzoesha gorila ni kuchukua deni. Gorila aliyeacha kuogopa watu hawezi kupambanua mugeni na muuaji. Dume Maheshe, aliyejulikana na wageni wengi, aliuawa mwaka wa 1993. Kwa hiyo parke ikianza kuzoesha, haiwezi kuacha kulinda hata siku moja.

4. SIKU YA SAFARI YENYEWE

Asubuhi sana wafuata-nyayo, wale wanaoitwa mapistere, wanatangulia. Wanakwenda mpaka pale walipowaacha magorila jana. Wanaangalia majani yaliyovunjika, mavi kama yangali na joto, na vitanda vya usiku. Wanahesabu vitanda ili kujua kama jamaa yote iko. Wakiwakuta, wanamujulisha muongozi.

Wageni wanakusanyika Tshivanga, kwenye lango la parke. Ni juu mulimani, na asubuhi kuko baridi. Wanavaa suruali ndefu, mabuti na koti la mvua, kwa sababu ya upupu, siafu na matope. Muongozi anawafundisha sheria, kisha wanaingia porini. Pengine wanatembea nusu saa, pengine saa tatu ao ine, kufuatana na mapenzi ya gorila, si ya mugeni.

Sheria zenyewe ni hizi:

a) Hapana kwenda ukiwa na kikohozi, mafua ao ugonjwa mwingine wa kuambukiza. Gorila anapata magonjwa yetu, na mafua madogo ya mutu yanaweza kumuua.

b) Wageni wasiwe wengi, na wafunike kinywa na pua.

c) Hapana kumukaribia gorila. Wanasimama mbali, meta saba ao zaidi. Mutoto wa gorila akija mwenyewe, mugeni anarudi nyuma.

d) Hapana kula, kutema mate, kutupa takataka, kupiga kelele, ao kumulika kwa taa ya foto.

e) Dume akija kwa ukali, hapana kukimbia. Chuchumaa, inamisha macho, kaa kimya, fuata neno la muongozi.

f) Saa moja ikiisha, wote wanarudi, hata kama wanataka kukaa.

Muone kama karibu kila sheria inamulinda gorila kwa ajili ya mutu, kisha mutu kwa ajili ya gorila.

5. WALE WALIOJUA NJIA

Somo hili halitakuwa la kweli kama tukinyamazia jambo moja. Akili ya kufuata nyayo ilitoka kwa Wambuti, wanaoitwa pia Batwa. Wao ndio waliomuongoza Deschryver porini. Lakini parke ilipoundwa na kupanuliwa katika miaka ya 1970, Batwa walifukuzwa katika pori la babu zao bila kulipwa haki yao. Mwaka wa 2024 Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu na za Watu ilitangaza kama serikali ya Kongo ilivunja haki zao. Hatuwezi kusema tunalinda pori vizuri wakati tunamuonea yule aliyelijua mbele yetu. Mutu anayefukuzwa kwake atalindaje? Anayepewa sehemu yake njo anayelinda.

6. INATUHUSU NAMNA GANI?

Wazazi wetu wanakumbuka noti ya zaire 50.000 ya mwaka wa 1991. Juu yake kulikuwa picha ya magorila. Noti ilipotea, na gorila naye alikaribia kupotea. Katika sehemu ya mulimani ya Kahuzi-Biega walihesabiwa 258 mwaka wa 1990. Mwaka wa 2000, wakati wa vita, walibaki kama 130. Wakati huohuo bei ya koltani ilipanda, watu maelfu wakaingia porini kuchimba, na wachimbaji walikula nyama wa pori: ndovu, gorila, chochote. Mwaka wa 2015 hesabu ilipita 200 tena, kwa sababu walinzi walirudia kazi, na wengine walikufa katika kazi hiyo. Kwa gorila wa Grauer wote pamoja, wataalamu walikadiri 16.900 mbele ya vita, 3.800 katika mwaka wa 2016, na katika mwaka wa 2021 wakasahihisha hesabu na kusema kama 6.800.

Sisi watu wa Punia tunajua kazi ya kasiterite. Tunajua maisha ya chimbo: muhogo unatoka mbali, samaki ni bei kali, na muwindaji anapita na nyama ya kukaushwa. Mutu akiwa na njaa, hapana kumutukana. Lakini sheria ya tarehe 11 Februari 2014 juu ya kulinda viumbe inakataza kuua nyama waliolindwa, na gorila ni mumoja wao. Tena kufuga kuku, nguruwe na samaki wa kidimbwi tunaweza. Kufuga gorila hatuwezi.

Wengine wanasema: "Tutafaidi nini? Wageni hawafiki Punia." Ni kweli. Barabara yetu ni mbaya, na usalama ni mudogo. Hata Bukavu iliingia mikononi mwa M23 katika Februari 2025, na vita vikifika, safari za wageni zinasimama. Mutu asipange safari bila kuuliza kwanza habari za usalama. Lakini mugeni anaweza kufika kesho, barabara ikitengenezwa na amani ikirudi. Gorila akiisha, hata barabara ya lami haitamurudisha.

Sasa turudilie neno la imbwa. Watu wa Marekani walimaliza wao, wakaomba kwa Kanada. Sisi tukimaliza gorila wa Grauer, tutaomba kwa nani? Jirani hanaye. Hii njo tofauti, na hii njo kazi yetu sisi wenyeji wa pori.

MAULIZO

1. Sababu gani teluji inamusaidia mutu anayetazama imbwa wa mwitu?
2. Wafuata-nyayo wanahesabu vitanda kwa sababu gani?
3. Eleza namna gani kumuzoesha gorila ni kuchukua deni.
4. Toa sababu ya sheria (a) na ya sheria (e).
5. Ulizia muzee mumoja wa kijiji chenu: nyama gani walikuwa porini wakati alipokuwa kijana, na hawaonekani tena? Andika majina yao katika lugha ya kwenu, uyalete darasani.

Kapita wa wanafunzi, mwaka wa mwisho