Maji Kwanza, Damu Baadaye: Mafunzo Matano ya Tabibu wa Meno wa Mbugangari

Natibu meno Mbugangari, Gisenyi, karibu na Petite Barrière, kivuko cha mpaka wa Rwanda na Congo, na wagonjwa wangu hutoka pande zote mbili za mpaka. Kung'oa na kuziba nilifundishwa chuoni. Kuuliza maswali nimejifunza zaidi kutoka kwa watu wa fani mbili zinazokutana mdomoni: patholojia ya kinywa, inayochunguza magonjwa ya kinywa na taya, na jenetiki, inayochunguza urithi. Carl Witkop, daktari wa meno wa Marekani aliyefariki mwaka 1993 baada ya miaka mingi katika Chuo Kikuu cha Minnesota, alikuwa bingwa wa zote mbili. Haya ndiyo niliyoyapata kwa kufuata njia yake na ya wenzake.

1. Uliza maji kabla ya kuuliza damu

Mama mmoja aliniletea binti yake mwenye mistari myeupe na madoa ya kahawia kwenye meno ya mbele. "Muganga," akaniambia, "kwa baba yake wote wako hivi. Ni damu yao."

Nikamuuliza mtoto alikulia wapi na alikunywa maji gani. Alikulia upande wa Goma, kwa maji ya mvua yaliyokingwa kwenye mabati. Nikatazama vizuri: madoa ya kulia yanalingana na ya kushoto. Mdogo wake, ambaye bado ana meno ya utoto, hana doa.

Hiyo ni florosisi. Moshi wa volkano ya Nyiragongo una floridi. Mvua huishusha hadi kwenye mapipa, na baadhi ya chemchemi za nchi ya volkano nazo zina floridi nyingi. Shirika la Afya Duniani limeweka kikomo cha miligramu 1.5 kwa lita. Jino hudhurika likiwa bado linaumbwa ndani ya taya, hadi mtoto afike miaka 8 hivi. Likishamaliza kuumbika, maji hayo hayalitii doa tena, wala doa la zamani haliondoki kwa mswaki. Ukoo wa baba ulifanana kwa sababu ulikinga mvua ileile.

2. Damu nayo ina ushahidi wake

Kuna meno mabovu ya kurithi kweli. Hayo mara nyingi hushika meno yote, ya utoto na ya ukubwani, na huwapata hata ndugu waliokulia mbali, kwenye maji mengine. Mwaka 1988 Witkop aliyapanga maradhi ya kurithi ya enameli, lile gamba gumu la jino, katika makundi makuu manne, akiangalia kama ni jembamba, halijakomaa, ni laini, au lina kasoro zaidi ya moja. Mpangilio huo bado unatumika.

Kwangu kazi hiyo huanza kwa karatasi na kalamu. Mwanamume namchorea mraba, mwanamke duara, na wenye ugonjwa nawajaza wino. Bibi wa mgonjwa akiwepo, mambo huenda haraka, maana yeye ndiye anayekumbuka meno ya shangazi aliyeolewa Ruhengeri. Karatasi ikijaa, mara nyingi tunaona ugonjwa unashuka kupitia kwa nani. Hapo nasema wazi kwamba hakuna mwenye kosa. Nisiposema, mzigo wote ataubeba mke.

3. Kipimo kidogo chaweza kufungua jambo kubwa

Witkop alichukua mzizi wa unywele wa mtu mwenye ualbino, akauweka kwenye maji yenye tirosini, malighafi ambayo mwili hutengenezea rangi ya nywele, akaangalia kama utageuka mweusi. Kwa njia hiyo alitenganisha aina za ualbino ambazo kwa macho ni vigumu kuzitofautisha. Baadaye jenetiki ilionyesha kwamba aina iliyoenea zaidi Afrika kusini mwa Sahara hutokana na jeni iitwayo OCA2, na kwamba wengi, Tanzania hadi kusini mwa bara, wana pengo lilelile katika jeni hiyo, urithi wa mzazi mmoja wa kale.

Kwangu faida yake ni hii: mtu mwenye ualbino akija kwa ajili ya jino, namkagua pia mdomo wa chini. Jua huuchoma, na kidonda kisichopona hapo chaweza kuwa saratani.

4. Taya la mtoto likivimba, usianze kung'oa

Mwaka 1957 daktari wa upasuaji Denis Burkitt aliitwa Mulago, Kampala, kumwona mtoto aliyevimba taya pande zote. Muda mfupi baadaye akamwona mwingine Jinja. Akaandika habari zao mwaka 1958, na mwaka 1961 akapanda gari na wenzake wawili, wakasafiri kilomita zipatazo 16,000 hadi Afrika Kusini na kurudi, wakiuliza hospitali kwa hospitali. Ramani yake ilionyesha kwamba karibu na ikweta uvimbe huo huwa adimu juu ya mita 1,500 hivi. Malaria hufuata mipaka kama hiyo. Gisenyi yetu iko karibu na mstari huo, na watoto husafiri, kwa hiyo siwezi kusema hautufikii.

Sampuli zake zilizopelekwa London kwa ndege ndizo zilizowezesha virusi vya Epstein-Barr kuonekana mwaka 1964. Baadaye ikajulikana kwamba ndani ya seli za uvimbe huo vipande vya kromosomu, mara nyingi ya 8 na ya 14, vimebadilishana mahali.

Dalili ya kwanza mara nyingi huwa meno kulegea. Ukiyang'oa, umepoteza siku, na uvimbe huu unakua upesi mno. Lakini dawa za saratani zinauponya kwa wengi wanaowahi. Rwanda ina kituo cha saratani cha Butaro tangu 2012.

5. Kipande cha nyama ni ushahidi, kitunze

Ukikata kipande, kiweke kwenye formalini, dawa ya kuhifadhia, ya asilimia 10, ujazo mara kumi ya kipande, uandike jina, umri, mahali kilipotolewa na upande. Kipande kilichokauka hakimsaidii mtu wa darubini, na mgonjwa atalazimika kukatwa tena.

Mzazi, uvimbe wa mtoto ulete leo, usingoje siku ya soko. Madoa yanaweza kungoja wiki. Ukija nayo, njoo na bibi yake, na ujue mtoto alikunywa maji ya wapi.