Waya Ulibeba Picha, Mkataba Ulifungua Mlango

Sisi wahandisi tuna ugonjwa wetu: kila jambo jipya tunadhani limeletwa na mtambo. Nami nilidhani hivyo nilipoanza kusoma historia ya vipindi vya mashoga na wasagaji kwenye televisheni ya kebo huko Marekani. Kumbe mtambo ulikuwa nusu tu ya habari.

Tuanze na waya. Manhattan, New York, ina maghorofa marefu. Mawimbi ya televisheni yakigonga kuta yanarudi, na kwenye seti picha inatokea mbili mbili. Waya wa kebo uliondoa tatizo hilo, tena ukabeba chaneli nyingi kwa mpigo. Lakini chaneli nyingi si lazima ziwe sauti nyingi. Mwenye waya angeweza kuzijaza sinema na michezo, basi.

Hapo ndipo mkataba unapoingia. Mwaka 1970 Jiji la New York lilipoyapa makampuni mawili ruhusa ya kutandaza waya Manhattan, liliweka sharti: chaneli kadhaa ziwe za umma. Kuanzia Julai 1971 mkazi yeyote aliweza kupeleka kanda yake ikaonyeshwa, anayewahi ndiye anayepata nafasi. Zilikuwepo pia chaneli za kukodi, ambako unalipia muda wako. Kwenye chaneli ya kukodi, iliyoitwa J, ndiko kilikorushwa kipindi cha mashoga cha The Emerald City mwishoni mwa miaka ya 1970.

Mwaka 1982 Lou Maletta alianzisha Gay Cable Network. Wakati wenyewe ulikuwa mgumu: wagonjwa wa kwanza wa UKIMWI walikuwa wameripotiwa Juni 1981, na televisheni kubwa zilisema machache mno. Mtu aliyekuwa akizika rafiki zake alihitaji habari. Mtandao wa Maletta ulizitoa, pamoja na za siasa. Kuanzia 1984 kamera zake ziliingia hata kwenye mikutano mikuu ya vyama vya Democratic na Republican. Mwaka 1993 wanawake nao wakaanzisha Dyke TV, na kanda zao zikatumwa kuonyeshwa miji mingine.

Je, mlango huo ulikuwa salama? Hata kidogo. Mwaka 1979 Mahakama ya Juu ya Marekani ilifuta kanuni za serikali kuu zilizolazimisha makampuni kutenga chaneli za umma. Mwaka 1984 Bunge likatunga sheria: miji iruhusiwe kuzidai chaneli hizo, na kampuni isichague kitakachosemwa humo. Mwaka 1992 sheria nyingine ikayapa makampuni nafasi ya kukataa vipindi yanavyoviona vichafu. Mwaka 1996 Mahakama ikaiondoa ruhusa hiyo kwa chaneli za umma, ila ikaiacha kwa zile za kukodi.

Gay Cable Network ilifungwa 2001, na kanda zake zimehifadhiwa katika maktaba ya Chuo Kikuu cha New York. Dyke TV ilifika hadi 2006.

Wenzangu wa uhandisi, tukichora mtandao huwa tunauliza utabeba kiasi gani na utafika wapi. Tuongeze swali la tatu: nani ana haki ya kukataa? Waya ni uleule. Jibu la swali hilo ndilo lililoamua nani asikike.