Firauni Akiamka Leo

Wamisri wa kale waliamini kwamba mfalme akifa ataishi tena, mradi mwili wake usioze. Kwa hiyo waliutoa matumbo, wakaukausha kwa magadi, wakauzungushia vitambaa vya kitani.

Sasa na tumfikirie Ramses wa Pili, aliyetawala Misri miaka 66 akafa mwaka 1213 kabla ya Kristo, mzee wa miaka 90 hivi. Tuseme anaamka leo makumbushoni Cairo, na mlinzi yupo karibu.

"Kaburi langu li wapi?"

"Mtukufu, wezi walilivunja zamani. Makuhani wakakuhamisha, wakakuficha shimoni pamoja na wafalme wenzako, mkabanana kama dagaa kapuni."

"Nani alitutoa?"

"Watu wa ukoo mmoja waligundua shimo, wakawa wakiuza vitu vyenu kidogo kidogo. Mwaka 1881 siri ikafichuka, mkapakiwa melini kuja Cairo. Mwaka 1886 ukafunuliwa vitambaa mbele ya mtawala wa nchi."

"Sikupewa heshima hata siku moja?"

"Ulipewa, Mtukufu. Mwaka 1976 ulikwenda Ufaransa kwa ndege, na askari wakakupigia saluti."

"Kwa sababu ya vita nilivyoshinda?"

"La. Uliota kuvu, ukapelekwa kutibiwa kwa mionzi. Tena tarehe 3 Aprili, 2021, wewe na wenzako 21 mlipitishwa mjini kwa msafara, mizinga ikapigwa."

"Tulikwenda vitani?"

"Mlihama nyumba."

Mfalme ananyamaza. Kisha, "Hawa wanaonitazama, wanatoa nini?"

"Kiingilio, Mtukufu."

"Ah! Basi kodi yangu bado yalipwa!"

Tucheke, lakini tufikiri pia. Mwili ule umetufundisha mengi. Puani mwake zilikutwa punje za pilipili manga, zao la India. Kumbe biashara ya mbali ilikuwapo zaidi ya miaka 3,000 iliyopita. Walakini yule ni maiti wa mtu, aliyetaka kufichwa, naye yumo katika sanduku la kioo. Kwa upande mwingine, Wamisri waliamini kwamba mtu hafi kabisa maadamu jina lake latajwa. Na sisi tumelitaja hivi sasa.

Maswali
1. Kwa nini makuhani waliihamisha miili ya wafalme?
2. Pilipili manga yathibitisha nini?
3. Je, ni haki kumweka maiti mahali pa kutazamwa? Toa sababu za pande zote mbili.