Mali Bila Daftari: Somo Kuhusu Fomu za Msaada wa Watoto na Vyeti vya Tabia Njema



Katika toleo hili tumechagua somo lisilovutia macho, nalo ni karatasi. Tumelichagua kwa sababu ziara zetu katika parokia za huku Pwani ya Kenya zimetuonyesha kwamba watoto wengi hukosa msaada ilhali wapo watu wanaowapenda na kuwatunza. Kinachokosekana ni cheti, au jina lililoandikwa sawasawa, au sahihi ya mtu mmoja. Wahenga walisema mali bila daftari huisha bila habari. Sisi tunaongeza kwamba hata mtoto bila daftari huweza kupotea bila habari.

Tutazungumzia karatasi za aina mbili. Ya kwanza ni zile zinazomfungulia mtoto mlango wa msaada wa serikali. Ya pili ni cheti cha tabia njema cha mtu mzima anayekabidhiwa watoto wetu. Kamati nyingi huona kazi hizi mbili kuwa usumbufu wa ofisini. Tungependa kuonyesha kwamba kujaza fomu kwa ukweli na kwa utulivu ni sehemu ya malezi yenyewe.

KOSA LETU WENYEWE

Tuanze na kosa letu. Katika kigango kimoja alikuwapo nyanya aliyekuwa akilea wajukuu watatu baada ya binti yake kufariki. Tuliposikia kwamba serikali inaandikisha kaya zenye watoto yatima, tulikwenda kwake jioni, tukajaza fomu kwa mwanga wa taa, tukaipeleka kesho yake asubuhi. Tulirudi tukiwa tumefurahi.

Fomu ilirudishwa. Mjukuu wa kwanza tulimwandika kwa jina la ubatizo, lakini kadi yake ya kliniki ilikuwa na jina la ukoo alilorithi kwa babu yake. Wa pili hakuwa na cheti cha kuzaliwa kwa sababu alizaliwa nyumbani. Isitoshe, kifo cha mama yao hakikuwa kimeandikishwa popote, maana alifia nyumbani na kuzikwa kijijini. Mbele ya serikali, watoto wale hawakuwa yatima. Kabla hatujapata vyeti, uandikishaji ukafungwa.

Tulipofanikiwa katika awamu iliyofuata, yule mkubwa alikuwa ameshaacha shule na kwenda kubeba mizigo sokoni. Hakurudi tena darasani. Nyanya hakutulaumu hata siku moja, lakini sisi tunajua kwamba haraka yetu ya jioni moja ilimgharimu mtoto yule. Ndiyo sababu tumeandika somo hili.

MSAADA TUNAOUZUNGUMZIA

Mpango wa serikali wa kuzipa fedha kaya zinazotunza watoto yatima na walio katika mazingira magumu ulianza mwaka 2004 kwa majaribio, ukihusisha kaya 500 katika Garissa, Kwale na Nairobi. Leo ni sehemu ya Inua Jamii, pamoja na misaada ya wazee na ya watu wenye ulemavu mkubwa. Kiwango chake kimekuwa shilingi 2,000 kwa mwezi kwa kila kaya. Si fedha nyingi, lakini ni unga, sabuni na sare ya shule.

Mpango huu unalenga kaya maskini kabisa inayomtunza mtoto wa chini ya miaka 18, na isiyopokea msaada mwingine wa aina hiyo. Fedha hupitia kwa mlezi aliyeandikishwa, mwenye kitambulisho chake mwenyewe. Mambo mawili yazingatiwe. Kwanza, serikali huandikisha kwa awamu, wala si kila siku, hivyo anayetafuta vyeti baada ya tangazo huwa amechelewa. Pili, kuandikishwa hakulipiwi. Mtu yeyote anayemdai mlezi kitu kidogo ili jina liingie anaiba, na kamati isinyamaze.

HATUA ZA KUFUATA KABLA YA FOMU

1. Kaeni na mlezi mchana, bila haraka, na mwekeni mezani kila karatasi aliyo nayo: kitambulisho, kadi za kliniki, kadi za ubatizo, barua za shule. Nyingine huwa zimefungwa kwenye mfuko wa plastiki chini ya godoro. Zisomeni zote kabla ya kuandika neno lolote.

2. Linganisheni majina herufi kwa herufi. Huku kwetu mtoto huweza kuwa na jina la babu au nyanya yake, jina la ubatizo na jina la nyumbani. Yote ni majina yake, lakini fomu inataka lile lililo kwenye cheti, kwa mpangilio uleule. Asiye na cheti, chagueni pamoja na mlezi jina litakaloandikishwa, na mlifuate katika karatasi zote.

3. Andikisheni vizazi vilivyochelewa. Aliyezaliwa hospitalini huandikwa na hospitali, na aliyezaliwa nyumbani huandikwa kwa naibu wa chifu. Miezi sita ikishapita, uandikishaji huhesabiwa kuwa wa kuchelewa, na ofisi ya usajili wa vizazi na vifo huomba ushahidi zaidi.

4. Andikisheni vifo vilevile. Ni jambo zito kumwomba nyanya asimulie tena siku aliyofiwa. Aende naye mtu anayemwamini, na asiharakishwe. Kifo kilichotokea nyumbani nacho huanzia kwa naibu wa chifu.

5. Tunzeni nakala. Kila karatasi inayokwenda ofisini iache nakala kwa mlezi na nyingine kwenye faili la kamati. Andikeni tarehe iliyopelekwa, ofisi iliyopokea, na aliyeipeleka. Fomu ikipotea, msianze upya.

Hapa tuwakumbushe hazina mliyo nayo. Kadi ya ubatizo ni mojawapo ya karatasi zinazokubaliwa kama ushahidi mtu anapoandikisha kizazi kilichochelewa, sambamba na kadi ya chanjo na cheti cha kumaliza shule. Kwa maana hiyo, daftari la ubatizo lililo kabatini mwa paroko laweza kuwa ndiyo karatasi pekee duniani inayosema mtoto fulani alizaliwa lini na mama yake ni nani. Lilindeni dhidi ya mchwa na mvua. Katekista anapoandika, aandike kwa herufi zinazosomeka, majina yote ya wazazi, na tarehe ya kuzaliwa wala si ya ubatizo peke yake.

Tena, msikubali kubadilisha tarehe. Mara nyingine mzazi huja kwa upole kuomba mtoto apunguzwe mwaka ili aingie katika mpango fulani. Tunaelewa shida yake, lakini kutoa habari za uongo kwa msajili ni kosa la jinai, na daftari likishajulikana kuwa na uongo mmoja, hakuna ofisi itakayoamini kurasa zilizobaki. Watakaoumia ni watoto wote wa parokia.

CHETI CHA TABIA NJEMA

Sasa tugeukie karatasi ya pili. Parokia zetu zina shule za chekechea, vikundi vya Utoto Mtakatifu, kambi za likizo na wanaojitolea kutembelea nyumba za watoto yatima. Wote hawa hukabidhiwa watoto wa wenzetu. Utaratibu wetu ni kwamba kila mmoja, awe analipwa au anajitolea, alete cheti cha tabia njema kutoka Idara ya Upelelezi wa Jinai, ambacho hakijazidi mwaka mmoja.

Namna ya kukipata ni hii. Mwombaji hufungua akaunti ya eCitizen kwa kitambulisho chake, hujaza maombi, hulipa ada, kisha huchapisha fomu C24 pamoja na risiti. Baada ya hapo huenda kuchukuliwa alama za vidole, ama makao makuu ya idara, Nairobi, ama katika kituo cha Huduma chenye huduma hiyo. Kwa miaka mingi ada imekuwa shilingi 1,050. Thibitisheni kabla ya kulipa. Fomu C24 ichapishwe pande mbili za karatasi moja. Tumeona watu wakisafiri kutoka mbali na kurudishwa kwa sababu waliichapisha kwenye karatasi mbili. Mwenye mikono ya jembe au ya saruji aioshe na kuikausha vizuri, kwani alama zisizosomeka humrudisha mtu mara ya pili.

Kazi ngumu zaidi ni kulizungumzia jambo hili kanisani. Tulipolitangaza mara ya kwanza katika parokia moja, mama mmoja aliyefundisha watoto kwa miaka mingi alisimama akauliza kwa uchungu, "Kwani mnanishuku mimi?" Ukumbi ukanyamaza. Mwenyekiti wa kamati hakumjibu kwa hotuba. Jumapili iliyofuata alikuja na risiti yake mwenyewe ya maombi, akaibandika ubaoni. Paroko naye akaomba chake. Yule mama alikuwa wa tatu, na baadaye ndiye aliyewasaidia wenzake kufungua akaunti.

Katika parokia hiyohiyo, mtu mmoja aliyejitolea aliahidi kuleta cheti, akaahidi tena, kisha akaacha kuja. Hatujui sababu yake, na si kazi yetu kumsema vibaya. Huenda ni nauli tu, ingawa kamati ilijitolea kuilipa. Lakini hakupewa watoto. Hivyo ndivyo utaratibu unavyopaswa kufanya kazi, bila kelele na bila kumvunjia mtu heshima.

YALE AMBAYO CHETI HAKISEMI

Cheti hiki hutokana na kumbukumbu za polisi. Aliyemdhuru mtoto na hakushtakiwa kamwe, alama za vidole vyake hazitasema lolote. Kwa hiyo kamati isilale baada ya kupokea karatasi. Ongezeni mambo haya: mashahidi wawili wanaomfahamu mwombaji, mmojawapo akiwa wa mahali alikoishi zamani, mahojiano ya ana kwa ana, watu wazima wawili kila panapokuwa na watoto, na kutomfungia mtoto mlango akiwa peke yake na mtu mzima. Wafundisheni watoto wenyewe kwamba namba 116 ni ya kuwasaidia watoto, na haina malipo.

Likitokea lalamiko, msilimalize kikao kwa kikao ili kulinda jina la kanisa. Lipelekeni kwa afisa wa watoto wa kaunti ndogo na kwa polisi. Sheria ya Watoto ya mwaka 2022, iliyochukua nafasi ya ile ya mwaka 2001, pamoja na kifungu cha 53 cha Katiba ya mwaka 2010, vinaweka maslahi ya mtoto mbele ya yote, yakiwemo maslahi ya parokia.

NENO KWA WAFADHILI WETU

Baadhi yenu mmetuuliza kwa nini taarifa zetu zina safu ya "nauli, nakala na ada", na kwa nini hatujengi makao ya watoto. Maswali haya yana jibu moja. Mwezi Novemba 2017 serikali ilisimamisha usajili wa makao mapya ya hisani ya watoto, na mkakati wa kitaifa wa mageuzi ya malezi wa mwaka 2022 hadi 2032 unataka watoto walelewe katika familia na jamii. Nyanya tuliyemtaja hakuhitaji jengo. Alihitaji vyeti vitatu vya kuzaliwa, cheti kimoja cha kifo, na mtu wa kumsindikiza ofisini.

Mmetuuliza pia kwa nini hatuchapishi picha na majina ya watoto. Sheria ya Ulinzi wa Data ya mwaka 2019 inataka idhini ya mzazi au mlezi, na maslahi ya mtoto yalindwe. Hata bila sheria hiyo, mtoto hapaswi kulipia msaada kwa kuanika umaskini wake. Faili zao, na vyeti vya wanaojitolea, hukaa kwenye kabati lenye kufuli, na funguo zina watu wawili tu.

MASWALI YA KUJADILI KATIKA KAMATI NA JUMUIYA

1. Katika jumuiya yetu, ni watoto wangapi wasio na cheti cha kuzaliwa? Nani atawatembelea mwezi huu?

2. Daftari letu la ubatizo liko wapi, na liko katika hali gani?

3. Ni nani wanaokaa na watoto wetu Jumapili na wakati wa likizo? Vyeti vyao tumeviona?

4. Viongozi wa kamati wako tayari kuanza wao?

Tunapofunga, tukumbuke Injili ya Luka, sura ya pili. Yusufu na Mariamu mjamzito walisafiri hadi Bethlehemu ili waandikishwe. Mwokozi alizaliwa wazazi wake wakiwa katika safari ya kufuata karatasi. Tusione aibu, basi, kukaa kwenye foleni kwa ajili ya mtoto wa jirani.

Kamati zitakazopenda mafunzo ya siku moja kuhusu fomu hizi ziwasiliane na ofisi yetu kupitia kwa paroko. Njooni na daftari, na njooni na maswali. Mungu awabariki.