Mtoto wa Jicho

Ndani ya jicho, nyuma ya mboni, mna kitu kiangavu kama kioo, kiitwacho lenzi, ambacho hukusanya nuru. Nyuzi mpya huota juu yake maisha yote, na zile za zamani hazitoki, bali husongamana katikati. Ndiyo sababu mtu apitapo miaka 40 huanza kushika barua mbali na uso ili aisome: lenzi imekuwa ngumu. Hilo ni jambo la miwani tu. Lakini miaka ikizidi, lenzi huingia ukungu, rangi hufifia, na taa za usiku huumiza macho. Huyo ndiye mtoto wa jicho.

Jambo moja huwadanganya wengi. Mzee aliyekuwa hawezi kusoma bila miwani, mara aweza. Jamaa hufurahi na kumsifu aliyempa dawa. Kumbe lenzi imezidi ugumu katikati, nayo hukunja nuru kupita kiasi. Vya karibu vyaonekana, vya mbali vyapotea. Furaha hiyo haidumu.

Hakuna dawa ya kutia jichoni, wala ya mizizi, iwezayo kuondoa ukungu huo. Tena jihadharini na wale wasukumao lenzi ndani kwa sindano: mgonjwa huona kidogo, kisha wengi hupofuka kabisa.

Tiba ni kupasuliwa. Mwaka 1747 Jacques Daviel, Mfaransa, aliitoa lenzi mbovu, lakini jicho lilibaki tupu. Katika vita vya 1939 hadi 1945, Harold Ridley wa Uingereza aliwatazama marubani walioingiwa machoni na vipande vya plastiki za ndege, akaona kwamba plastiki hiyo haikuwadhuru. Mwaka 1949, mjini London, akatia lenzi ya plastiki katika jicho la mgonjwa. Siku hizi ndivyo ifanywavyo kila mahali. Mgonjwa hutiwa ganzi, na mara nyingi hulala kwake usiku ule ule.

Zamani wazee waliambiwa wangoje mpaka mtoto wa jicho aive. Shauri hilo limepitwa na wakati. Lenzi iliyoachwa mno ni ngumu kuitoa, na pengine huvuja, jicho likavimba na kuuma sana. Na katika kungoja huko, mara nyingi mjukuu ndiye aachaye shule ili amwongoze babu yake njiani. Basi mzee aonapo ukungu, apelekwe kwa daktari wa macho, na kama ana ugonjwa wa sukari, amwambie mapema.