Kuonyesha sinema bubu ya "Mama" ufukweni Rumonge, Burundi

Chagua usiku kwa kuangalia mwezi. Wavuvi wa ndagala huvua kwa taa, gizani. Mwezi ukijaa, taa hazivuti samaki na mitumbwi hubaki ufukweni. Usiku huo ndio wako, maana utakuta mpaka wavuvi wamo kwenye mkeka. Ila mwezi mpevu hutoka mashariki, nyuma ya milima, jua likizama upande wa Kongo. Basi tundika shuka jeupe likitazama ziwa, nyuma yake ufunge turubai zito, watu wakae wameyapa maji mgongo. Anza mara tu sala ya isha ikiisha, kabla mwezi haujapanda utosini. Jenereta liwe mbali kadiri waya unavyofika.

"Mama" ni ya Vsevolod Pudovkin, mwaka 1926, kutoka riwaya ya Maxim Gorky. Ni saa moja na nusu hivi ya maisha ya familia ya wafanyakazi Urusi wakati wa mapinduzi ya 1905. Haina sauti, na maandishi yake ya asili ni ya Kirusi, kwa hiyo sauti ni wewe. Yatafsiri mapema daftarini. Watazamaji wetu wamezoea wasimuliaji wa sinema kama Lufufu wa Dar es Salaam, ambao hawaachi picha ipumue. Hapa fanya kinyume. Baba mlevi anapoiparamia saa ya ukutani akaiuze apate pombe, nani Rumonge anahitaji maelezo?

Pale maiti ya baba imelala na maji yanadondoka tone kwa tone, nyamaza kabisa. Kijana mmoja akae na beseni, adondoshe maji. Kisha mama anawaonyesha maofisa silaha zilizofichwa chini ya sakafu, akiamini anamwokoa mwanawe, Pavel. Kwangu mimi, uzito wote wa sinema umo hapo. Sema sentensi moja tu: "Alidhani anamponya."

Barafu ieleze kabla ya kuanza. Hapa barafu ni ya kuhifadhia samaki. Mtu asiyejua kwamba mto mzima huganda hataelewa Pavel anarukia nini anapotoroka gerezani.

Neno "mapinduzi" litumie kwa uchache. Mwambao huu, kutoka Rumonge hadi Nyanza-Lac, uliwaka kwa uasi Aprili 1972, na mauaji yaliyofuata yakaenea nchi nzima. Mbele yako wamekaa waliofiwa wa pande zote, na waliorudi kutoka Tanzania baada ya miongo wakakuta shamba lina mtu mwingine. Usiwafananishe askari wa kwenye shuka na askari wowote wa hapa, wala usiulize nani alikuwa na haki. Simulia mama na mtoto wake. Wazee wa mtaa na watu wa utawala waitazame kwanza, mchana, ndani ya chumba, na wakikuomba uache, acha.

Mwishoni Pavel anapigwa risasi, mama anainua bendera, farasi wanakuja. Pavel akianguka, zima maikrofoni, wala usiiwashe tena, hata kwa kuaga.