Saa Mbili ya Mgonjwa na Saa Mbili ya Mashine

Mfumo wa akili unde unaozungumza na mgonjwa kwa simu mara nyingi hupitia hatua tatu: hugeuza usemi kuwa maandishi, huandaa jibu, kisha hulitamka. Waundaji huhangaikia sana hatua ya kwanza, na si bure, kwani lafudhi zetu ni nyingi. Lakini maneno yaweza kunaswa sawasawa na maana ikapotea.

Chukua mgonjwa wa kisukari anayesema, "Nikumbushe sindano saa mbili asubuhi, kabla ya chai." Anakusudia 8:00 kwa saa ya Kizungu. Mfumo uliofunzwa zaidi kwa Kiingereza waweza kumwamsha saa nane usiku. Akijidunga insulini ya mlo kisha akalala bila kula, sukari ya damu yaweza kushuka hadi kuhatarisha maisha. Basi mfumo utaje saa pamoja na kipindi cha siku na mlo, ungoje "ndiyo", ndipo uweke kikumbusho. Neno "homa" nalo lifafanuliwe: kwa wengine ni joto la mwili kupanda, kwa wengine, hasa Kenya, ni mafua.

Kabla ya kuanza kutumika, ujaribiwe kwa sauti za wazee na katika kelele za foleni ya kliniki. Mjamzito akitaja kutokwa damu au degedege, mazungumzo yakome na simu iunganishwe na mhudumu wa zamu.